Mchungaji Niliyemwandika Mimi

Nilisikia maneno yangu kabla sijamwona anayeyasema. Nilikuwa bado nje, kwenye uchochoro wa Kiamaiko unaoteremka kutoka soko la mbuzi, naruka maji machafu huku nikipanga moyoni matusi nitakayompa Dishon Shiundu nikimkamata. Wiki kadhaa alikuwa hashiki simu yangu, na wenzake waliniambia Jumapili hupatikana huku. Filamu nzima imeshapigwa, imebaki onyesho moja tu la mwisho, na mwigizaji wangu mkuu kaingia mitini. Basi nikasikia spika kutoka kwenye ule ukumbi wa mabati: "Umeubeba mzigo huu mpaka mgongo umesahau kunyooka. Leo uweke chini, mama. Uweke chini."

Nikasimama pale pale katikati ya mbuzi wa watu. Maneno hayo niliyaandika mimi, jikoni kwangu, nikingoja mayai yaive. Nilikuwa hata nayaonea fahari, hasa hapo kwa mgongo.

Mimi si mtu wa kushtuka ovyo. Naitwa Kasiva, nimezaliwa Shauri Moyo, na kazi yangu ni kuandika na kuongoza filamu ambazo hakuna aliyenituma. Ili nile, napiga video za harusi na mazishi. Nimeona bwana harusi akitoroka kwa mlango wa nyuma. Nimeona wake wawili wakikutana mara ya kwanza kando ya kaburi la mume mmoja, na kamera sikuizima. Lakini nilipochungulia ndani ya ukumbi ule Jumapili ile, nilishika fremu ya mlango.

Kulikuwa kumejaa. Viti vya plastiki mpaka nyuma, watoto chini kwenye mkeka, akina mama wamefumba macho, mpiga kinanda anabonyeza polepole. Mbele, ndani ya suti ya kijivu niliyoitafuta mwenyewe kwa ajili ya filamu, Dishon alikuwa amemwekea mkono kichwani mjane mmoja aliyepiga magoti. "Alikusamehe kabla hajafumba macho," akamwambia. Mjane akalia kwa kwikwi. Huo nao ulikuwa mstari wangu. Kwenye mswada niliandika kwamba kila mwanamke atakayepiga magoti aambiwe hivyo hivyo, ili watazamaji waone jinsi jamaa alivyo mvivu hata kudanganya.

Pembeni alisimama Shiku na kamera. Shiku ndiye mpiga picha wangu, tumefanya kazi pamoja tangu tuazime kamera ya harusi ya mjomba wake. Aliponiona akaangalia chini, kisha akasogea mlangoni na kuninong'oneza, "Kasi, usinikasirikie. Hawa hunipigia simu kila wiki. Wewe hunipigia ukijaliwa."

Ngoja nieleze, maana hata mimi pale mlangoni nilikuwa najaribu kujieleza.

Filamu yangu inaitwa *Kiti cha Mbele*. Ni hadithi ya mchungaji tapeli ambaye mwishowe anaumbuliwa mbele ya kanisa lake. Dishon nilimtoa Gikomba, anakouza viatu vya mitumba kwa kuita watu. Hakuwahi kuigiza, lakini sauti anayo. Akisema "mama, njoo", mama anakuja, hata kama alikuwa anatafuta nyanya. Na ana nidhamu moja ambayo waigizaji waliosomea hawana. Nikisema "Kata", anakata papo hapo, hata neno likiwa nusu mdomoni, anateremsha mkono na kuniuliza swali lile lile: "Nimekaa vizuri, dairekta?" Niliwahi kumuuliza hayo alijifunza wapi. Akasema Gikomba mtu akipiga kelele kwamba kanjo, askari wa jiji, wanakuja, ukijaribu kumalizia sentensi yako, mzigo umeenda.

Maonyesho ya ibada tuliyapigia huku Kiamaiko, kwenye ukumbi huu huu wa mabati, ghala la zamani la ngozi ambalo Mzee Thuo hukodisha kwa yeyote. Shauri Moyo niliikwepa makusudi, kwa sababu mama yangu anaishi huko na sikutaka asikie kwamba nachezea madhabahu. Tukaalika majirani kwa mkate na soda. Nikawaambia kwa kinywa changu, "Leo tunarekodi." Wakaitikia vizuri sana. Sasa niambie, ni kanisa gani la Eastlands siku hizi lisilorekodi? Kamera kwao ilikuwa dalili kwamba hapa pana nguvu. Na kwa kuwa watu hukauka wakisikia dairekta akipaza sauti, siku hizo za umati sikusema "Kata" hata mara moja, nilimpungia tu Dishon mkono kutoka nyuma ya pazia. Ibada ikaenda, ikaenda. Watu wakalia machozi ya kweli. Mimi huko nyuma nikajipongeza, nikasema leo nimeokota dhahabu.

Halafu kulikuwa na kibao. Nilikichora mwenyewe: HEMA LA JIBU, na chini yake nambari ya simu, kwa sababu kibao cha kanisa kisicho na nambari hakiaminiki. Nambari ya kubuni huwezi kuiweka, utakuta ni ya mtu. Nikaweka ya Dishon. Tulipomaliza nikakiacha kikining'inia juu ya mlango, kikingoja onyesho la mwisho. Wahenga walisema mchimba kisima huingia mwenyewe. Mimi nilichimba, nikaweka na kibao.

"Nani ana ushuhuda leo?" Dishon akauliza kwenye maikrofoni.

Kwenye kiti cha mbele, cha kwanza kabisa, mwanamke akainuka polepole akijishikilia kwa kiti. Kitambaa cheupe kichwani, leso ya maua mabegani. Niliijua leso kabla ya kuujua uso, maana niliinunua mimi. Alikuwa mama yangu.

"Bwana asifiwe," akasema.

"Asifiwe," wakajibu.

"Naitwa Ndindi, natoka Shauri Moyo. Nina presha tangu nimzike mume wangu. Kila asubuhi vidonge, kila asubuhi vidonge, kama chai. Lakini mtumishi alipotuambia tupa kikopo chako, nilirudi nyumbani nikatupa. Tangu siku hiyo sijameza hata kimoja. Na ninyi wenyewe mnaniona nimesimama."

Ukumbi ukajaa vigelegele. "Tupa kikopo chako" niliutafuta mstari huo siku nyingi. Nilitaka jambo baya kuliko yote ambalo mtu anaweza kuambiwa kwa upole, ili watazamaji wamchukie yule mchungaji wasimsamehe tena. Nikafungua mdomo nimwite mama. Vigelegele vikanimeza sauti.

Dishon nilimngojea nyuma ya ukumbi, kwenye mapipa ya maji. Nilidhani akiniona atakimbia. Badala yake akanipa mikono yote miwili.

"Dairekta. Mungu amekuleta."

"Mungu yupi, Dishon? Yule niliyemwandika?"

Akaangalia nyuma kama kuna mtu anasikia. "Mimi nilijibu simu tu. Aliyepiga wa kwanza alikuwa mama analia, mtoto wake ana degedege, anauliza ibada ni saa ngapi. Ningemwambia nini, kwamba mimi ni mtu wa viatu? Nikamwambia Jumapili. Nikajua hatakuja. Akaja na ploti nzima, wapangaji wote."

"Na wewe ukafungua mdomo."

"Nilikuwa na maneno. Wewe ulinipa maneno."

"Na simu zangu? Mbona hushiki?"

"Unataka niumbuliwe," akasema, na hakuwa anatania. "Onyesho la mwisho nimelisoma. Watu wananirushia viatu. Mimi, dairekta, viatu." Akanisogelea. "Halafu kuna shida. Uliniandikia mahubiri machache sana. Nimeyazungusha mpaka watu wananimalizia sentensi. Tafadhali niandikie mengine."

Nilimkodolea macho. Miaka yote niliyokaa kwenye kazi hii, hakuna mtu aliyewahi kuniomba mengine. Niliwahi kupeleka filamu kwenye tamasha, watu wakapiga makofi wameshika glasi za juisi, kesho yake hakuna aliyekumbuka jina langu. Filamu zangu nyingi zimetazamwa na waliozicheza na ndugu zao. Na huku, kwenye ghala lenye harufu ya ngozi, watu wanayajua maneno yangu kwa moyo. Naona aibu kusema, lakini kabla hasira haijarudi, nilifurahi kidogo. Nikajichukia papo hapo.

"Yule mama wa leso ya maua," nikamwambia, "aliyetupa dawa. Ni mama yangu."

Dishon akakaa juu ya ndoo iliyopinduliwa. Uso wote ukamlegea. "Sikujua," akasema. "Haki ya Mungu sikujua. Nilisema tu vile uliandika."

Na hilo ndilo lililoniuma, kwa sababu lilikuwa kweli.

Jioni hiyo hiyo nikaenda Shauri Moyo. Mama anaishi kwenye nyumba ile ile ya baraza la jiji tuliyokulia, chumba kimoja na jiko, na juu ya kabati ndovu wa mti ambaye baba alikuwa anamchonga alipougua, mkonga wake haujatoka bado kwenye gogo. Baba, Mzee Maingi, alichonga wanyama maisha yake yote. Nilimkuta mama ameweka miguu juu ya stuli, vifundo vimevimba, kiganja kwenye kipaji cha uso.

"Ni jua," akasema kabla sijauliza.

Jirani yake Nafula alikuwa hapo. Nafula huuza supu ya vichwa vya mbuzi, na vichwa hivyo huvitoa Kiamaiko. Ndiye aliyekiona kibao changu, ndiye aliyempeleka mama. Nilimwomba atupishe, akatoka amenuna, akaacha mlango wazi ili asikie.

Nilimweleza mama kila kitu. Mswada, suti, mkate na soda, Dishon na viatu vyake. Nikatoa simu nimwonyeshe tulivyokuwa tukipiga.

"Weka hiyo simu," akasema.

"Mama, tazama tu. Ni mimi niliyemwambia aseme watu watupe dawa. Ni mimi. Ni filamu."

Akanitazama kwa huruma, kama vile mgonjwa ni mimi. "Kasiva, Mungu alimsemesha punda wa Balaamu. Atashindwa na wewe?"

Nikairudisha simu mfukoni.

"Nimekuombea miaka mingi," akaendelea. "Kila nikiulizwa mtoto wako anafanya kazi gani, nasema kazi ya picha, na moyoni namwambia Mungu, Baba, hiyo kazi yake ipe maana. Sasa ameipa. Na wewe ndiye unakuja hapa kunitukania kazi ya Mungu?"

Ningeweza kulia. Badala yake nikawaka, hivyo ndivyo nilivyo. Nikamwambia atakufa, na atakapokufa yule muuza viatu hata matanga hatakuja. Akainuka kwa taabu na kwenda kuniwekea chai.

Kesho yake nilimwomba muuguzi wa kemisti aje na mashine ya presha. Akamfunga mkono, akasoma, akasoma tena, akaniangalia mimi. Halafu akamwambia taratibu, "Mama, ukiendelea hivi kuna siku utaanguka na hutainuka." Mama akamshukuru, akampa ndizi za kupelekea watoto. Kikopo kipya nilichonunua alikipokea kwa heshima, akakiweka juu ya redio. Kila siku niliyoenda nilikikuta hapo hapo, na mfuniko haujafunguliwa.

Basi nikaenda Gikomba. Siku za wiki Dishon bado alikuwa anauza viatu. Nikamvuta kando ya meza yake.

"Nitakuandikia moja," nikasema. "Ya dawa. Utawaambia warudie dawa zao."

Akakuna shingo. "Nilisema watupe. Sasa nawaambia waokote?"

"Utasema umefunuliwa."

"Na onyesho la mwisho?"

Filamu ile bila onyesho la kuumbuliwa ni tangazo la kanisa. Nilijua nikilitoa nimeizika, na nimezika na miaka niliyoiandika. "Nimelifuta," nikamwambia. "Hakuna mtu atakayekurushia kiatu."

Akafikiria, akanipa mkono. Mkono wake ulikuwa na rangi ya viatu.

Nikakaa kuandika. Ya uongo yalikuwa yamenitoka huku nikipika mayai. Haya ya kweli yalinikwama mpaka Ijumaa. Nikaandika juu ya Luka aliyekuwa tabibu, nikaandika kwamba mkono wa daktari nao Mungu ndiye aliyeuumba. Nilipomaliza nikajiambia yametosha. Mama akiyasikia kutoka kwake yeye, atameza. Hilo tu ndilo nililotaka, mama ameze kidonge, mengine yote yaende.

Jumapili nikakaa safu ya nyuma kabisa. Mama alikuwa kiti cha mbele, Nafula ubavuni pake. Dishon akaanza.

"Luka alikuwa tabibu," akasema. "Na Bwana hakumwambia atupe mkoba wake."

"Amina," wakasema wachache.

"Dawa pia ni mkono wa Mungu. Ndugu zangu, tuzingatie maagizo ya daktari."

Aliyesema amina hapo alikuwa mmoja tu. Hata mimi nilisikia. Yalikuwa maneno ya bango la kliniki. Dishon aliyasema yote bila kuruka hata moja, na kadiri alivyoendelea ndivyo watu walivyokohoa na kupangusa watoto mafua. Halafu nikamwona mama anainuka, mkoba wake mikononi, anaelekea mbele. Nikasema asante Mungu, amesikia.

Alichukua maikrofoni kutoka mkononi mwa Dishon.

"Mtumishi, nakuheshimu," akasema. "Lakini maneno haya si yako. Siku zote unasema kama mtu aliyewashwa moto. Leo unasema kama mtu aliyetumwa. Sijui nani amekutisha. Ndugu, tumwombee."

Watu wakainuka wote, wakaja mbele, wakamzunguka. Mikono ikawekwa kichwani kwake, mabegani, mgongoni. "Rudi, mtumishi," wakawa wanasema. "Rudi." Ndani ya mikono ile yote niliona macho ya Dishon yakinitafuta juu ya vichwa vya watu, jasho linamtiririka. Nikatikisa kichwa, hapana. Lakini nilikuwa nimeshauona uso ule Gikomba, akiona wateja wanageuka kwenda meza ya jirani.

Akachukua maikrofoni. Akainua mkono.

"Mama," akasema, na sauti ile ikarudi. "Umeubeba mzigo huu mpaka mgongo umesahau kunyooka."

Ukumbi ukalipuka. Kinanda kikaingia. Watu wakalia, wengine wakapiga magoti hapo walipokuwa. Na mama, mama yangu mwenye akili zake, akafungua mkoba na kutoa kikopo. Kile kipya, nilichonunua mimi. Kumbe alikuja nacho. Akakiinua juu ili kila mtu akione.

"Leo uweke chini," Dishon akasema. "Uweke chini, mama. Tupa ki—"

"Kata."

Sikuwa nimepanga. Lilitoka kama linavyotoka kila siku kazini, kavu, kutoka tumboni, na likafika mbele.

Dishon akakata. Neno likabaki nusu. Mkono ukashuka, mabega yakashuka, na ile suti ikawa suti ya mitumba tu iliyovalishwa mtu. Akageuza shingo akanitafuta, na kwenye maikrofoni, mbele ya watu wote wale, akauliza:

"Nimekaa vizuri, dairekta?"

Mpiga kinanda alibonyeza noti moja zaidi, akaacha. Nje mbuzi walikuwa wanalia. Dishon akaelewa alichosema, akajifunika mdomo kwa kiganja, lakini maji yakimwagika hayazoleki.

Kwenye mswada wangu, hapa ndipo viatu vinaruka. Nilingoja viatu. Hakuna aliyerusha kitu. Yule mama wa mtoto mwenye degedege alianza kumfunga mtoto wake mgongoni, akafunga leso, akaifungua, akaifunga tena. Nafula akauliza, "Dairekta ni nani?" Wote walikuwa wamefuata macho ya Dishon, na macho ya Dishon yalikuwa kwangu.

Nikatembea kwenda mbele. Watu walinipisha bila kunigusa.

Mama alikuwa bado amesimama na kikopo juu. Akakishusha. Akamtazama Dishon sana, kisha mimi.

"Ni yako?" akauliza.

"Ni yangu, mwaitu." Hivyo ndivyo Wakamba tunavyomwita mama, na sikuwa nimemwita hivyo tangu baba afe.

"Yote?"

"Yote."

Akakaa kwenye kiti chake cha mbele. Akajaribu kufungua mfuniko wa kikopo, vidole vikakataa. Nikapiga magoti nikamfungulia, nikamtolea kidonge kimoja. Nafula, bila kuulizwa, akanyoosha chupa ya maji. Mama akameza. Nilimwona koo likishuka. Nilikuwa nimepata nilichokitaka, kitu kimoja kile nilichokiombea, na nilipaswa kushukuru. Badala yake macho yakanienda kwa kamera.

Shiku alikuwa bado anarekodi. Niliona taa ndogo nyekundu. Jua lilikuwa linaingia kwa tundu la mabati na kumwangukia mama usoni, na mimi, nikiwa nimepiga magoti mbele yake, nilisogeza bega ili nisiuzibe mwanga. Nilijishtua mwenyewe. Nikarudisha bega, lakini nilikuwa nimeshalisogeza.

"Kasiva," mama akasema, polepole, ili wengine wasisikie. "Siku ya kwanza nilipopiga magoti hapa, kuna jambo nililisema juu ya baba yako. Jambo nililomfanyia, sijawahi kumwambia mtu. Hata wewe sitakuambia. Mtumishi akanijibu neno moja, nikaenda nyumbani nikalala. Nikalala vizuri mara ya kwanza tangu tumzike." Akanishika mkono. "Neno hilo nalo uliliandika wewe?"

Nilijua ni neno gani. *Alikusamehe kabla hajafumba macho.* Kila mwanamke atakayepiga magoti.

"Hapana," nikasema. "Hilo alilisema mwenyewe. Halikuwa kwenye mswada."

Mama akaniangalia mpaka nikahisi uso unaniwaka. Halafu akamgeukia Dishon, aliyekuwa amesimama pale na maikrofoni yake iliyoinama.

"Ni kweli?" akamuuliza.

Dishon akafungua mdomo. Kabla hajajibu alinitazama mimi, kama anavyonitazama siku zote anapongoja mstari wake, na mama akamwona akinitazama.